Sauti Chini ya Dari

SEHEMU YA KWANZA

Kinyozi alifikishwa uwanjani saa tatu na robo, ametolewa gereza la Kigali lililoitwa 1930, nguo zake za waridi zimelowa mabegani kwa mvua ya Novemba. Maduka yote ya upande wetu wa Biryogo yalikuwa yamefungwa, maana siku ya gacaca, mahakama ya mtaa ya kesi za mauaji ya kimbari ya 1994, hakukuwa na kuuza wala kununua mpaka kikao kiishe. Hata muuza sambusa wa kona, ambaye hafungi biashara hata mtaa ukiwa na msiba, alikuwa ameketi kwenye nyasi na wenzake, kapu tupu miguuni.

Kwenye benchi tulikuwa saba. Sheria ya 2004 ilitutaka tisa, ila saba walitosha kuanza, na asubuhi ile mmoja wetu alikuwa na homa, mwingine amekwenda kuzika Butare. Mwenyekiti wetu alikuwa mwalimu mstaafu wa shule ya msingi. Wengine ni muuza maziwa, fundi bomba, akina mama wawili wa nyumbani, kijana karani mwenye mwandiko mzuri, na mimi mshona nguo. Wa kusomea sheria hakuna. Oktoba 2001 majirani walituchagua wakisema hatuna doa, na nchi nzima walichaguliwa watu zaidi ya laki mbili kwa namna hiyo hiyo. Tukapewa mafunzo ya siku chache na skafu yenye rangi za bendera mpya, imeandikwa Inyangamugayo, yaani mtu mwadilifu. Mshahara hatukupewa. Shemeji yangu aliwahi kuniuliza ni kazi gani hiyo ya kuchukiwa bure na pande zote mbili, nikamwambia anipishe, cherehani inaningoja.

Mwalimu alituinua sote, tukasimama dakika moja kimya kuwakumbuka waliouawa. Akasoma kanuni za kusema: ombeni neno, msitukane, semeni kweli. Kisha akamwita Kinyozi mbele.

Mimi Kinyozi nilimjua. Kabla ya 1994 mtaa mzima ulikuwa unapitia kwenye kiti chake. Sasa mikono ilikuwa haitulii, anakunja pindo la shati, analikunjua, analikunja tena, na kila akilikunja analinyoosha kwa ukucha, kama bado ana taulo la mteja mikononi.

“Nakiri,” alisema. “Naomba msamaha kwa Mungu, kwa nchi na kwa waliofiwa.”

Maneno hayo tulikuwa tumeyazoea. Wafungwa walikuwa wanayafundishana huko huko ndani. Asiyekiri alikuwa anaitazama miaka 25 hadi 30. Aliyekiri akakubaliwa alipunguziwa, tena nusu ya kifungo anaitumikia nje, kwenye kuchimba matuta na kuvunja mawe ya barabara. Ila kukiri kwenyewe kulikuwa na masharti yake. Ulipaswa kusema ulichofanya, uliofanya nao, na maiti mlizitupa wapi. Ukificha hata jina moja, benchi lingeweza kukataa yote. Wengi waliosimama mbele yetu walikuwa wamepiga hesabu kabla ya kutubu, na sioni aibu kusema hivyo. Kazi yetu haikuwa kupima machozi.

Kinyozi akaanza kutaja waliosimama naye kwenye bariyeri, kizuizi cha barabarani. Wa kwanza marehemu. Wa pili yuko gerezani. Wa tatu alifia Tingi-Tingi, Zaire, 1997. Wa nne hajulikani aliko. Karani anaandika, Mwalimu anamwambia apunguze mwendo. Nikaanza kufikiria sare za shule nilizoahidi kuzimaliza jioni ile, maana majina ya waliokufa ndiyo mepesi kutajwa kuliko yote, na hayambani mtu.

Ndipo dada yake Fundi aliponyoosha mkono.

Fundi alikuwa fundi redio. Alikuwa kijana mwembamba, bisibisi haimtoki mfukoni, anatengenezea watu wote, hata wale waliokuwa wakisikiliza redio ya chuki, RTLM, asubuhi mpaka usiku. Tangu vita viishe dada yake alikuwa haachi kuuliza. Alihudhuria kila kikao, hata vya kata za mbali, na kila mahali swali lake lilikuwa lile lile.

“Kaka yangu mlimtupa wapi?”

Kinyozi akaacha kukunja pindo.

“Kwenye shimo la choo. Ile nyumba iliyokuwa haijaezekwa, chini ya barabara ya kwenda Nyamirambo. Wamejenga juu yake sasa, lakini naweza kuonyesha.”

Mwanamke yule akakaa chini. Waliokuwa karibu wakamshika. Miaka 12 alikuwa analitafuta jibu hilo, na lilichukua pumzi mbili tu.

“Mlimpata wapi?” Mwalimu aliuliza. “Kila mtu hapa anajua Fundi alipotea akiwa mafichoni.”

“Tuliletewa.”

“Na nani?”

“Kwa Baba Hamisi, muuza mkaa. Fundi alikuwa darini mwake. Usiku ule alitolewa mlangoni, tukakabidhiwa.”

Uwanja ukachafuka. Baba Hamisi! Mzee ambaye jina lake lilitajwa kwenye kumbukumbu za kila Aprili kama mmoja wa Waislamu wa mtaa waliofungua milango yao! Watu waliinuka, wengine wanapiga kelele kwamba mfungwa ananunua uhuru wake kwa damu ya mtu safi. Mwalimu akapiga meza, wapi. Mlinzi wa mtaa akasogea karibu na Kinyozi.

Kinyozi hakuwatazama. Aliinua kidole polepole, akakivusha juu ya vichwa vya watu mpaka kikatua kwenye benchi letu.

“Mkidhani nasema uongo, muulizeni yule mama wa tatu kutoka kushoto. Tulikuja kujua baadaye. Naye alikuwa darini humo humo.”

Itaendelea

SEHEMU YA PILI

ILIPOISHIA: “Naye alikuwa darini humo humo.”

Sheria ilikuwa wazi, na mimi mwenyewe nilikuwa nimewahi kuwasomea wenzangu. Mwamuzi haketi kwenye kesi inayomgusa mwenzi wake, mzazi wake, au ndugu wa karibu. Haketi pia kwenye kesi ya adui yake, wala ya rafiki yake mkubwa. Nikaivua skafu, nikaikunja mara nne, nikaiweka mbele ya Mwalimu. Niliposhuka kukaa kwenye nyasi, watu walinipisha zaidi ya nilivyohitaji.

Urafiki ule haukuwa wa kuulizia. Nyumba ya Baba Hamisi niliijua tangu niko msichana. Siku ya akika ya Hamisi, mtoto wao wa pekee, mimi ndiye niliyekoroga pilau, moshi umenijaa machoni, na tulipomaliza kupakua watoto waligombania ukoko chini ya mparachichi, jua limesimama utosini. Na Aprili 1994, wauaji walipoanza kupita nyumba kwa nyumba na kitambulisho changu kimeandikwa Tutsi, sikubisha hodi mahali pengine popote. Baba Hamisi alisogeza ubao wa dari bila kuniuliza neno. Juu nikamkuta Fundi ameshatangulia.

Mchana Baba Hamisi alikuwa akisimama kwenye bariyeri pamoja na wauaji. Naliandika hili kwa sababu vijana wa leo hawalielewi. Mwanamume ambaye hakuonekana bariyerini, nyumba yake ilipekuliwa. Kwa hiyo alisimama pale na rungu, akirudi jioni anatupandishia uji na kikopo cha choo.

“Baba Hamisi,” Mwalimu aliita, “umesikia. Una la kusema?”

Mzee akainuka, kofia mkononi. Nilingoja akatae. Uwanja mzima uling'ang'ania kuamini kwamba atakataa.

“Ni kweli. Nilimtoa mimi.”

Akakaa. Mwalimu akatangaza kwamba mashahidi wote wa jambo hilo wasikilizwe juma lijalo, kabla benchi halijaamua kama kukiri kwa Kinyozi ni kamili. Jina la Baba Hamisi lingerudishwa kwenye gacaca ya akagari, ngazi iliyo chini ya kata, ili faili lake lifunguliwe huko.

Usiku wa siku ya pili yake, Mama Hamisi alinibishia hodi. Nyuma yake kijana wa mkokoteni amebeba nusu gunia la mkaa.

“Huu wa nini, dada?”

“Mvua nyingi. Utakosa moto.”

Nilimwambia kijana aurudishe. Mama Hamisi hakubisha, alikaa kitandani kwangu, mtandio umemwangukia mabegani, akatazama cherehani kwa muda mrefu.

“Mama Zuhura, wiki ijayo useme ulilala. Hukusikia kitu.”

“Anayekataa kusema anafungwa, unajua. Miezi 3 hadi 6. Na anayemshika shahidi mkono naye ana yake.”

“Sijakutisha mimi.”

“Hujanitisha. Lakini mumeo ameshakiri. Mimi nikinyamaza kunamsaidia nini?”

Akanitazama. Hapo ndipo nilipoona kwamba hakuja kwa ajili ya mumewe.

“Mwache mzee akiri,” alisema. “Mwache na kukiri kwake.”

Alipoondoka sikulala. Nilirudi darini kwa mawazo. Kulikuwa na redio ndogo ya mbao, ilikuwa imekufa tangu Krismasi, na Hamisi, mtoto asiyetulia, alimpandishia Fundi ili wapoteze siku. Fundi aliitengeneza gizani kwa kupapasa, ulimi umetoka pembeni ya mdomo. Jioni moja ya Mei ikalia. Muziki, sauti ya juu, nyumba nzima! Baba Hamisi aliruka akaizima, akamnasa mtoto kibao. Pengine ililia kwa muda wa mtu kuvaa viatu, si zaidi, ila nyumba ambayo redio yake ni mbovu na fundi wake amepotea, haipaswi kuimba ghafla. Na huko nje wapita njia hawakukosekana.

Juma lililofuata uwanja ulijaa mpaka barabarani. Niliinua mkono wa kulia, nikamtaja Mungu kuwa shahidi wangu, nikaeleza ya dari, ya uji, ya redio. Kinyozi alikuwa anatikisa kichwa kukubali.

“Redio ile naijua,” aliropoka bila kupewa neno. “Iliangukia dukani kwangu. Nilipoisikia nikajua ni mkono wa Fundi.”

Mwalimu akamnyamazisha. “Endelea, mama. Usiku huo ulisikia nini?”

“Nilisikia watu uani. Kisha kimya. Kisha mtu akaja chini ya ubao, akasema kwa Kiswahili: Kaka Fundi, shuka, wameondoka. Fundi akashuka.”

“Na mtu huyo ni Baba Hamisi.”

Kati ya watu nilimwona mzee amefumba macho, midomo inacheza, anaomba. Nilijua anachoomba. Nilijua pia kwamba mzee yule angemaliza uhai wake gerezani kwa sentensi yangu moja, na kwamba alinipa uji siku zote hizo kwa mikono yake.

“Hapana,” nilisema. “Sauti iliyomwita Fundi haikuwa ya Baba Hamisi.”

Itaendelea

SEHEMU YA TATU

ILIPOISHIA: “Sauti iliyomwita Fundi haikuwa ya Baba Hamisi.”

“Ilikuwa ya nani?”

“Ya mtoto. Mtoto wa kiume ambaye sauti yake inaanza kukatika.”

“Mwongo!” Baba Hamisi alipaza sauti. Katika maisha yangu yote sikuwahi kumsikia akimwambia mtu neno hilo. “Mlango nilifungua mimi, nimeshakiri, mnataka nini tena?”

Mwalimu alikuwa bado anapiga meza, na nyuma kabisa, pale pikipiki zilipoegeshwa, mtu akavua kofia yake ya chuma akaanza kuja mbele. Watu wakampisha. Hamisi alikuwa mwendesha pikipiki ya abiria, njia ya Nyabugogo, na nusu ya waliokaa pale walishawahi kupanda nyuma yake.

“Keti, mwanangu,” baba yake alisema.

“Nimekaa vya kutosha, baba.”

Alieleza akiwa amesimama, kofia kaishika kwa mikono yote miwili. Baba yake alikuwa zamu bariyerini usiku ule. Wenzake wakamrudisha nyumbani amefungwa mikono kwa nyuma, Kinyozi kamwekea panga shingoni. Hawakuingia ndani. Walimwita mtoto uani wakamwambia: tunajua yumo, mtoe, au tunaondoka na baba yako. Baba akamkataza kwa macho. Akaambiwa ahesabu mpaka kumi.

“Nikaingia. Nikamdanganya Kaka Fundi kwamba wameondoka.”

Mwalimu akamgeukia mfungwa. “Ndivyo ilivyokuwa?”

“Ndivyo,” Kinyozi alisema chini chini.

“Mbona ulisema ni mzee?”

“Mzee nilimwona mlangoni. Na nilidhani... mtoto si wa kutajwa.”

Karani akaandika. Kukiri kwa Kinyozi sasa kulikuwa na tundu, na kila mtu kwenye benchi alilihesabu, lakini wakati huo hakuna aliyekuwa akimtazama Kinyozi.

“Kuna jingine,” Hamisi alisema. “Fundi alipotoka, waliniuliza kama yuko peke yake huko juu.” Ndipo akanitazama mimi, kwa mara ya kwanza tangu asimame. “Nikawaambia yuko peke yake.”

Sikuweza kuinua uso. Miaka yote ile nilikuwa nimemshonea suruali za shule, za Idi, ya harusi, kisha nikamlaumu kimoyomoyo kwa kuwa hanizoei.

Dada yake Fundi akaomba neno. Tulidhani atalia, au atalaani. Aliuliza swali la karani.

“Ulikuwa na miaka mingapi?”

Mwalimu akaiona maana ya swali kabla ya wengi. Aliwaeleza watu polepole, kwa sauti yake ya darasani: sheria haimshtaki mtu ambaye hakuwa ametimiza miaka 14 wakati wa tendo. Aliyetimiza 14 na hajafika 18 hushtakiwa, ila adhabu yake hupunguzwa. Kwa hiyo benchi lilipaswa kujua: jina la Hamisi liende akagari likafunguliwe faili, au kijana arudi kwenye pikipiki yake.

“Leta kitambulisho.”

Hamisi akakitoa kwenye mfuko wa jaketi. Kikapita mkono kwa mkono mpaka mezani. Mwalimu akavaa miwani, akakisoma, akakigeuza nyuma, akakisoma tena.

“Hapa pana mwaka tu. 1980.”

Hesabu hiyo hata muuza sambusa aliifanya. Usiku ule ulikuwa wa Mei 1994. Aliyezaliwa kabla ya Mei 1980 alikuwa ameshatimiza 14. Aliyezaliwa baadaye alikuwa wa 13.

“Cheti cha kuzaliwa?”

“Kiliteketea,” Baba Hamisi alijibu. “Na nyumba, Julai.”

“Mwezi gani alizaliwa?”

Mzee akafungua mdomo, akaufunga. Mkewe ndiye aliyesimama, amejifunga mtandio kiunoni kama mtu anayekwenda shamba.

“Ramadhani,” alisema kwa sauti ya kusikika mpaka barabarani. “Mwanzo wa Ramadhani, mwezi ungali mchanga. Mama hasahau.”

Mwalimu ni Mkatoliki, alitazama kulia na kushoto akitafuta wa kumsaidia. Ustadhi wa madrasa alikuwa amekaa mstari wa mbele, mzee wa makamo, tasbihi mkononi. Akaombwa asimame.

“Mwaka 1980 ulikuwa 1400 wa Hijria,” alisema. “Ramadhani yake ilianza katikati ya Julai.”

Julai! Miaka 13! Pumzi za watu zilishuka kwa pamoja, na wengine wakaanza kushikana mikono. Hamisi mwenyewe hakushangilia. Alikuwa anamtazama mama yake kwa namna ambayo sikuipenda.

“Hilo linatoka kwa mama yake,” dada yake Fundi alisema. Hakupaza sauti. “Mama yeyote angesema hivyo. Hata wangu. Nataka mtu mwingine.”

“Yupo,” Mama Hamisi alijibu haraka mno. “Mama Zuhura alikuwepo kwenye akika, siku ya saba. Yeye ndiye aliyepika. Muulizeni.”

Akanigeukia, na mbele ya watu wote macho yake yakaniomba kile ambacho gunia la mkaa lilishindwa kukiomba. Kijana huyu alikuwa amewaambia wauaji kwamba darini hakuna mtu mwingine. Benchi lote likanielekea, na kiti changu kitupu katikati yao, na skafu yangu imekunjwa mezani.

“Mama Zuhura,” Mwalimu alisema, “bado uko chini ya kiapo. Akika ya Hamisi ilifanyika mwezi wa Ramadhani?”

Kabla sijajibu, Ustadhi, ambaye hakuwa ameketi bado, aliomba neno. Tasbihi ilikuwa imesimama kidoleni.

“Samahani, Mwalimu. Kuna njia nyepesi zaidi ya kumuuliza.” Akanitazama kwa upole, mtu mwema yule, asiyejua anachokifungua. “Mama Zuhura, ile pilau ya akika, mliila saa ngapi?”

Itaendelea wiki ijayo